Zimwi, Mtu na Si Mtu: Upatanisho wa Kisarufi na Usomaji wa Visasili vya Wagiriki

Utangulizi

Muhula uliopita tuliwapa wanafunzi wetu wa mwaka wa pili zoezi la tafsiri ambalo tulidhani ni jepesi. Tuliwataka watafsiri kwa Kiswahili, kutoka tafsiri ya Kiingereza, sehemu ya kitabu cha tisa cha utendi wa Odyssey wa Homer, pale Odysseus anaponaswa katika pango la Polyphemus, yule jitu mla watu. Ili kuwasaidia, tulitafsiri aya ya kwanza ubaoni sisi wenyewe: zimwi lilirudi jioni, likawasha moto, likawaona wageni, likawanyakua wawili na kuwala. Darasa zima lilifuata mfano huo. Zimwi likawa *li-* kutoka mwanzo hadi mwisho.

Mwanafunzi mmoja tu alitukera. Alianza vizuri kwa *li-*, kisha alipofika karibu na mwisho, bila taarifa, akahamia *a-*: zimwi akamgusa kondoo dume mgongoni, akamwuliza, akalalamika. Baada ya hapo akarudi tena kwenye *li-*. Tulipiga mstari mwekundu, tukaandika pembeni "upatanisho umevurugika", tukamkata alama 4 kati ya 20.

Alipokuja ofisini hakubishana sana. Alisema tu, "Mwalimu, hapo anaongea na kondoo wake, kama babu yangu anavyoongea na ng'ombe. Niliona nikiandika 'lilisema' nitakuwa ninadanganya." Tulimjibu kwamba kanuni ni kanuni. Akashukuru, akachukua karatasi yake, akaenda zake.

Makala haya ni jibu ambalo tulipaswa kumpa siku ile. Dai letu ni kwamba visasili vya Wagiriki wa kale havitupi mazimwi ambayo ni mazimwi tangu mwanzo hadi mwisho. Vinatupa viumbe ambao msimulizi mmoja huwatoa katika ubinadamu na msimulizi mwingine, au yule yule akijisahau, huwarudisha. Kiswahili, kwa sababu ya ngeli zake, hakimpi mfasiri nafasi ya kukwepa uamuzi huo. Kila kitenzi anachoandika kinasema kama aliyeko mbele yetu ni mtu au ni dude.

Zimwi katika sarufi yetu

Tunavyofundisha sote, nomino za viumbe wenye uhai huchukua upatanisho wa A-WA hata kama umbo lake ni la ngeli nyingine. Kipofu anatembea, kifaru amekasirika, simba analala. Kwa kanuni hiyo zimwi nalo lingestahili *a-*, kwa kuwa linakula, linasema na linakufa. Lakini tazama tulivyoandika sentensi hiyo wenyewe! Masikio yetu yamezoea methali inayosema kwamba zimwi likujualo halikuli likakwisha, na humo zimwi ni *li-* bila ubishi.

Sababu yake inajulikana. Umbo la LI-YA hubeba ukubwa, na ukubwa katika Kiswahili hauko mbali na dharau. Tukisema "mtu amekuja" tumetoa habari. Tukisema "jitu limekuja" tumeshatoa hukumu, na aliyekuja hajafungua hata mdomo. Basi *li-* ya zimwi hubeba msimamo wa msemaji kuhusu kiumbe anayesemwa.

Je, tunalazimisha jambo la Kiswahili juu ya matini ya Kigiriki? Hapana, na hapa ndipo tulipogundua kwamba mwanafunzi wetu alikuwa karibu na Homer kuliko sisi. Kigiriki cha kale nacho kina jinsi tatu za kisarufi: ya kiume, ya kike, na ile isiyo ya kiume wala ya kike. Odysseus anapomtaja Polyphemus kwa mara ya kwanza katika kitabu cha tisa, anamwita *anēr*, yaani mwanamume, japo mwanamume wa ajabu kwa ukubwa. Mara hiyo hiyo anaongeza kwamba hakufanana na binadamu walao mkate, bali na kilele cha mlima chenye msitu kinachoonekana peke yake. Mbele zaidi, wakati Odysseus anawafunga kondoo watatu watatu kwa ajili ya kutoroka, anamwita *pelōr*, neno la jinsi ile ya tatu, sawa na kusema dubwana. Kwa hiyo kuyumba kati ya mtu na dude kumo ndani ya matini yenyewe. Sisi tuliosawazisha kila kitu kwa *li-* ndio tuliovuruga upatanisho.

Anayesimulia ni nani?

Tukumbushane kisa kwa ufupi. Odysseus na wenzake 12 wanaingia katika pango ambalo mwenyewe hayumo. Wanakuta jibini, maziwa, na wana-kondoo waliotengwa kwa umri. Wenzake wanamsihi wachukue jibini na mifugo wakimbilie merikebuni. Yeye anakataa, kwa kuwa anataka kumwona mwenye pango na kupewa zawadi ya mgeni. Wanawasha moto na kula jibini la watu. Mwenyewe anaporudi, Odysseus anamwomba ukarimu kwa jina la Zeus, mlinzi wa wageni. Polyphemus anajibu kwamba jamii yake haimjali Zeus, kisha anawala watu wawili. Asubuhi anawala wawili wengine, na jioni wawili tena. Jumla ni sita.

Hatutaki kumtetea kwa hilo. Lakini wanafunzi wengi, na vitabu vingi vya kuwaandaa kwa mitihani, husahau jambo moja: kisa hiki hakisimuliwi na Homer moja kwa moja. Anayesimulia vitabu vya 9 hadi 12 ni Odysseus mwenyewe, akiwa karamuni kwa mfalme Alcinous wa Waphaeacia, akiwa mgeni anayehitaji merikebu ya kumrudisha nyumbani. Na wasikilizaji wake ni nani? Kitabu cha sita kimetuambia kwamba Waphaeacia waliwahi kuwa majirani wa majitu haya, wakahama kwa sababu ya kuonewa nayo. Msimulizi hodari kama Odysseus hangeweza kupata hadhira iliyo tayari zaidi kuamini kwamba majitu ni majitu.

Aidha, muda mfupi kabla ya kufika kwenye kisa cha pango, Odysseus huyo huyo ameeleza bila aibu jinsi yeye na watu wake walivyouvamia mji wa Ismarus, wakaua wanaume, wakagawana wanawake na mali. Hakuna mtu katika karamu ile anayemwita zimwi. Kula watu ni unyama. Kuteka mji ni habari ya safari.

Ndani ya masimulizi ya mtu huyu mwenye kila sababu ya kumchora adui yake vibaya, bado kuna mambo yanayopenya. Polyphemus anakamua kondoo na mbuzi wake kwa zamu, na kila mwana anamweka chini ya mama yake. Nusu ya maziwa anagandisha kwa jibini, nusu anahifadhi kwa chakula cha jioni. Mwanafunzi aliyekulia katika familia ya wafugaji anaitambua kazi hiyo mara moja. Kisha, akiwa amekwisha kupofushwa kwa gogo la mzeituni lililochongwa na kuchomwa ncha, anakaa mlangoni na kupapasa migongo ya kondoo wanaotoka. Kondoo dume wake mkubwa anatoka wa mwisho, kwa sababu Odysseus amening'inia tumboni mwake. Polyphemus hajui. Anamwuliza kondoo kwa upole kwa nini leo amekuwa wa nyuma, yeye ambaye siku zote alikuwa wa kwanza malishoni, wa kwanza mtoni, wa kwanza kurudi zizini. Je, anasikitikia jicho la bwana wake?

Hapo ndipo mwanafunzi wetu alipobadilisha *li-* kuwa *a-*. Tukiitafakari sasa, hatuoni ni wapi pengine pangefaa zaidi. Polyphemus hajapata huruma kwa binadamu kabla ya hapo wala hataipata baadaye. Lakini kwa muda wa aya moja tunamsikia akizungumza na kiumbe anayempenda, na anayempenda ndiye anayembeba adui yake. Msomaji asiyesikia uchungu huo amesoma muhtasari tu, hajausoma utendi.

Kitendawili cha jina "Si Mtu"

Kuna jambo jingine katika zoezi lile ambalo liliwatesa wanafunzi wote. Polyphemus akiwa amelewa anamwuliza Odysseus jina lake, naye anajibu kwamba anaitwa *Outis*, yaani hakuna mtu. Baadaye, Polyphemus anapopiga yowe usiku na majirani kuuliza ni nani anayemwua, anajibu kwamba *Outis* ananiua. Majirani wanasikia kwamba hakuna anayemwua, wanamwambia basi ni ugonjwa kutoka kwa Zeus, aombe dua kwa baba yake Poseidon, na wanakwenda kulala.

Tafsiri zilizoletwa darasani zilikuwa za aina tatu. Wengine waliandika "Fulani", lakini Fulani ni mtu tayari, hivyo majirani wangeuliza Fulani yupi. Wengine waliandika "Hakuna", na wakakwama kwenye sarufi, kwani "Hakuna ananiua" haimchanganyi jirani bali inamfanya ashangae Kiswahili kibovu. Kundi la tatu liliandika "Si Mtu". Tunaona hili ndilo lililofaulu. Jirani akisikia kutoka nje ya pango "Si Mtu ananiua!", ni rahisi kuelewa kwamba kinachomwua si binadamu, ndipo jibu la ugonjwa wa Zeus linapokuwa na mantiki.

Lakini "Si Mtu" ina faida nyingine ambayo Kiingereza hakina. Katika Kiswahili cha kila siku, tukisema "yule si mtu" hatumaanishi kwamba hayupo. Tunamaanisha kwamba ni katili, hana utu. Kwa hiyo katika tafsiri hii shujaa anajipa kwa mdomo wake jina ambalo anataka sisi tumpe mwenye pango. Anapomtoboa jicho mtu aliyelala, anafanya hivyo akiwa anaitwa Si Mtu. Hatudai kwamba Homer alikusudia maana hiyo, maana mchezo wa Kigiriki ni mwingine, unaocheza na neno *mētis*, yaani werevu. Tunachodai ni kwamba tafsiri nzuri haihamishi tu mchezo wa maneno, bali humpa msomaji wa lugha ya pili swali analoweza kuliuliza kwa lugha yake. Na swali hilo lina msingi katika matini, kwa kuwa Odysseus akiwa salama merikebuni anashindwa kunyamaza, anapaza sauti na kutaja jina lake halisi, jina la baba yake na nyumbani kwake Ithaca. Kwa kujisifu huko Polyphemus anapata jina la kulaani. Poseidon anaisikia laana hiyo, na mwishowe Odysseus anafika kwao peke yake, akiwa amepoteza wenzake wote.

Mazimwi yenye mama

Pengine mtu atasema kwamba Polyphemus ni kisa cha kipekee. Tutazame wengine watatu.

Wa kwanza ni Geryon, jitu lenye miili mitatu lililoishi magharibi ya mbali na makundi ya ng'ombe wekundu. Katika orodha ya kazi za Herakles, Geryon ni kizuizi tu: Herakles alitumwa kuleta ng'ombe, mwenye ng'ombe akauawa. Lakini katika karne ya 6 KK mshairi Stesichorus alitunga shairi refu lililoitwa kwa jina la Geryon. Shairi lilipotea kwa karne nyingi, hadi vipande vyake vilipopatikana katika mafunjo ya Oxyrhynchus nchini Misri na kuchapishwa mwaka 1967. Vipande hivyo ni vichache na vimechanika, lakini vinatosha. Geryon anatafakari iwapo yeye ni wa kufa au wa kuishi milele, na kama inafaa apigane au akubali aibu. Mama yake Callirhoe anamsihi asiende, akimkumbusha ziwa alilomnyonyesha. Mshale wa Herakles unapompata, kichwa chake kimoja kinainama kama ua linalopukutisha petali zake. Jitu la miili mitatu limepewa mama, shaka na kifo cha kuliliwa. Hayo yote yalikuwa yamefichwa na orodha.

Wa pili ni Medusa. Hesiod, katika Theogony, anasema mambo machache: alikuwa mmoja wa dada watatu, wawili wakiwa hawafi na yeye peke yake akiwa wa kufa, Poseidon alilala naye katika mbuga ya maua, Perseus alimkata kichwa, na kutoka shingoni wakatoka farasi Pegasus na Chrysaor. Hakuna maelezo kwamba alikuwa mrembo. Katika sanaa za kale, kwa mfano kwenye hekalu la Artemis kisiwani Corfu lililojengwa mnamo mwaka 580 KK, Gorgon ana uso mpana, macho yaliyotoka na ulimi nje. Zaidi ya miaka 500 baadaye, Mroma Ovid akaja na habari tofauti: Medusa alikuwa msichana mwenye nywele za kupendeza, mungu wa bahari akambaka ndani ya hekalu la Minerva, na Minerva akamwadhibu msichana kwa kugeuza nywele zake kuwa nyoka. Mkosaji akaenda zake. Na katika utenzi wa Ovid, ni nani anayeyasimulia haya? Ni Perseus, aliyemwua, akiwa karamuni. Kwa mara nyingine tena tunaketi mezani na muuaji tukimsikiliza akitueleza zimwi lilikuwa nani. Safari hii, hata hivyo, muuaji mwenyewe anakiri kwamba zimwi lilitengenezwa.

Wa tatu ni Minotaur wa Krete, mwenye kichwa cha fahali na mwili wa mtu, aliyeletewa vijana saba na wasichana saba kutoka Athens. Apollodorus anatupa jina lake: Asterius. Wasomaji wengi hawajawahi kulisikia, na hilo lenyewe ni ushahidi wa tunachokisema. Tena anatueleza chanzo. Mfalme Minos aliomba Poseidon amletee fahali kutoka baharini, akaahidi kumchinja sadaka. Fahali alipokuja alikuwa mzuri mno, Minos akamweka katika zizi lake na kuchinja mwingine. Ghadhabu ya Poseidon ikamwangukia Pasiphae, mke wa Minos, akamtamani fahali huyo. Katika tamthilia ya Euripides iliyopotea, ambayo kipande chake kimesalia, Pasiphae anajitetea mbele ya mumewe na kumwambia wazi kwamba kosa ni lake yeye Minos aliyevunja ahadi.

Hapa msomaji wa Kiswahili hatakosa kukumbuka hadithi ya Sultani Majnuni na Nunda mla watu, iliyochapishwa na Edward Steere mwaka 1870 katika mkusanyo wake wa hadithi za Unguja. Nunda alikuwa paka wa Sultani. Alipoanza kula mifugo, Sultani alisema paka ni wake na mifugo ni yake. Alipokula mifugo mikubwa, jibu likawa lile lile. Watu waliposhtaki kwamba sasa anakula watoto, Sultani hakusikia. Alitambua jina la Nunda pale tu wanawe mwenyewe walipoliwa. Hatusemi kwamba hadithi moja ilitokana na nyingine. Tunasema zinakubaliana katika jambo moja, kwamba zimwi linaloutisha mji mara nyingi limelelewa ikulu.

Anayeuliza kuhusu mtu

Tumalizie na Sphinx, ambaye baadhi ya wasomaji wetu wamekutana naye kwa Kiswahili kupitia Mfalme Edipode, tafsiri ya Samuel S. Mushi ya tamthilia ya Sophocles iliyotolewa mwaka 1971. Wanafunzi huandika katika mitihani kwamba kitendawili cha Sphinx kimo katika tamthilia hiyo. Hakimo. Sophocles anataja kitendawili, na anamwita Sphinx mwimbaji mkatili na msichana mwenye mabawa na kucha zilizopinda, lakini maneno ya kitendawili chenyewe yametufikia kupitia waandishi wengine. Tamthilia inapoanza Sphinx ameshakufa, na hatumsikii kamwe. Tunasikia tu wale walionusurika.

Kitendawili chenyewe kinajulikana: ni kitu gani chenye sauti moja, ambacho kina miguu minne, kisha miwili, kisha mitatu? Edipode akajibu kwamba ni mtu. Wasikilizaji wetu wanajua utaratibu wa kutega. Anayeshindwa huambiwa atoe mji, naye hutoa, ndipo hupewa jibu. Thebes mambo ni kinyume. Anayeshindwa hutoa roho, na anayefumbua ndiye anayepewa mji, pamoja na mjane wa mfalme. Edipode alipata mji kwa kulijua neno "mtu". Lakini tamthilia nzima ni habari ya mtu aliyejua jibu la jumla na asijue kwamba yeye mwenyewe ni mtu yupi, mwana wa nani, mwuaji wa nani. Mwishoni anayeleta tauni mjini anaonekana kuwa yeye, mwokozi wao. Zimwi liliuliza swali sahihi, na shujaa alilijibu nusu.

Pingamizi

Mwenzetu mmoja wa upande wa isimu, baada ya kusoma rasimu ya makala haya, alitukumbusha mambo mawili, na yote ni ya haki.

La kwanza, kwamba tusije tukageuza mazimwi yote kuwa malaika. Kweli, katika kitabu cha pili cha Odyssey, kwa sauti ya Homer mwenyewe wala si ya Odysseus, tunaambiwa kwamba Antiphus, kijana wa mzee Aegyptius, aliuawa na kuliwa pangoni. Baba yake bado anamlilia Ithaca. Kwa hiyo ulaji wa watu hakuutunga Odysseus. Vilevile kuna viumbe ambao matini haiwapi hata chembe ya utu. Charybdis hunywa bahari na kuitapika mara tatu kwa siku, hasemi, haombi, hapendi. Huyo tungemwandikia *li-* bila kusita. Hoja yetu ni kwamba *a-* inapotokea kwenye matini, ionekane, na *li-* inapotumika, mfasiri ajue kwamba ameitumia.

La pili, kwamba mwanafunzi wa lugha ya pili akifundishwa kuyumba kabla hajasimama, hatasimama kamwe. Wengi wa wanafunzi wetu walikutana na Kiswahili shuleni, na bado tunapambana na "watoto zangu" na "kitabu yangu". Tunakubali. Lakini kuna tofauti kati ya asiyejua kanuni na anayeijua akaivunja kwa sababu. Njia ya kuwatofautisha ni rahisi mno: tuwaulize. Sisi tuliuliza, tukapewa sababu nzuri kuliko zetu, na bado tukashikilia wino mwekundu.

Hitimisho

Ingekuwa rahisi kusema kwamba haya ni mabishano ya darasani juu ya kiambishi kimoja. Lakini tunaishi katika Maziwa Makuu. Mwaka 1994, nchini Rwanda, watu waliitwa mende na nyoka hadharani, hata redioni, huku wakiuawa. Mwaka 2003 Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda, iliyokuwa Arusha, iliwatia hatiani watu wa redio na gazeti kwa kazi iliyofanywa kwa maneno, na rufaa ya mwaka 2007 ilifuta baadhi ya makosa na kuthibitisha mengine. Hatulinganishi kisa cha pangoni na mauaji ya kimbari. Tunasema tu kwamba mwanafunzi aliyezoea kujiuliza ni nani anayesimulia, na kwa nini huyu ameandikwa kama dude, amejifunza jambo litakalomfaa hata nje ya darasa la fasihi. Aliyezoea kuandika "zimwi ni ishara ya uovu, shujaa ni ishara ya wema" na kupata alama zake zote, tumemfundisha jambo jingine.

Tunapendekeza basi kwamba katika mazoezi ya tafsiri ya mwaka ujao, mwanafunzi aruhusiwe kubadilisha upatanisho wa mhusika wa aina hii, kwa sharti kwamba aeleze kwa sentensi mbili tatu mwishoni kwa nini amefanya hivyo. Asiyeweza kueleza akatwe alama kama kawaida.

Kuhusu mwanafunzi wetu, tumemrudishia alama zake 4. Alipoambiwa alicheka, akatuuliza kama sasa tungeweza kuangalia pia tafsiri yake ya jina *Outis*, kwani alikuwa ameandika "Si Mtu" na tulikuwa tumeweka alama ya kuuliza pembeni. Tumeiondoa. Wasomaji wenye pendekezo bora zaidi la jina hilo, hasa walimu wa shule za sekondari wanaofundisha fasihi tafsiri, tunawaomba watuandikie, na tutayachapisha mapendekezo yao katika toleo lijalo.